Mfupa Umepona, Mkono Bado

Jumatatu, 3 Machi

Mvua za kwanza. Paa la masjala limeanza kuvuja palepale lilipovuja mwaka jana, juu ya rafu ya mafaili ya watoto. Tumetega ndoo mbili na beseni. Mkuu wa masjala amesema fundi ataitwa. Mwaka jana alisema hivyohivyo, kwa sauti ileile.

Wifi amekwenda kliniki ya mifupa, akarudi ameloa mpaka magotini na anacheka peke yake. Daktari wa mikono, yule bingwa anayekuja hospitali yetu mara moja kwa mwaka, atakuwepo katikati ya mwezi wa tano, na jina la wifi limeingia kwenye orodha ya kupasuliwa. Kilichobaki ni bima kukubali kabla orodha haijafungwa mwisho wa mwezi wa nne.

"Nitasuka tena, wifi! Na nitaanza na hicho kichaka chako."

Nimecheka. Baadaye jikoni nikajiuliza nacheka nini. Huyu ni dada mkubwa wa mume wangu, msusi aliyekuwa akipangiwa foleni. Masika yaliyopita pikipiki aliyopanda iliteleza kwenye tope, mfupa wa juu wa mkono wake wa kulia ukakatika. Mfupa uliunga vizuri. Kiganja ndicho kilichokataa kuamka. Kinaning'inia, na mwenyewe husema kama shingo ya kuku aliyekwisha chinjwa. Kiti chake saluni alipewa mwingine, akahamia kwetu. Tangu ahamie sijamwona akiosha sahani hata moja. Naandika hivi kwa sababu hapa ni kwangu: mkono mmoja mzima unaweza kuosha sahani.

Jumanne, 4 Machi

Faili la wifi limeangukia mezani kwangu. Kazi yetu ni kusoma alichoandika daktari na kukigeuza kiwe msimbo wa herufi na namba, maana bima haisomi maneno, inasoma misimbo. Kanuni ya kwanza niliyofundishwa ni kwamba faili la ndugu hulifungui. Unalisukuma kwa mwenzako.

Nikalisukuma kwa Mzee Nukta. Tunamwita hivyo kwa sababu kila msimbo una nukta katikati, na akiwa ng'ambo ya chumba anaweza kuona iliyosahauliwa.

"Mzee, hili la nyumbani."

"Lete, binti. Kwani wifi yako ana siri gani zaidi ya kupenda kula?"

Ndiyo utani wake. Tumekaa meza jirani miaka sita na sijui kama ana mke.

Alhamisi, 13 Machi

Mvua. Ndoo tatu sasa. Hakuna la kuandika.

Jumanne, 18 Machi

Bima imekataa. Wifi amenionyesha ujumbe kwenye simu, ameushika kwa mkono wa kushoto mbele ya uso wangu kana kwamba nimeuandika mimi: ombi limesitishwa, kumbukumbu zinaonyesha ajali mpya, lete taarifa ya polisi ya ajali hiyo. Mpaka hapo kadi ya bima imefungwa.

"Ajali mpya ipi? Nimeanguka lini?"

Mume wangu akasema, "Dada, labda ni makosa ya mtandao."

Nilikuwa nimeshajua si mtandao.

Jumatano, 19 Machi

Nimemvizia Mzee Nukta wakati wa chai. Mfupa uliovunjika una misimbo ya namna tatu, na tofauti iko kwenye herufi ya mwisho. Kuna herufi ya mfupa uliovunjika sasa hivi. Kuna ya mfupa ambao bado unatibiwa. Na kuna ile ambayo sisi masjala tunaiita "baki": mfupa umeshapona lakini umeacha kitu nyuma yake, maumivu, ukakamavu, mkono uliolala. Ikiwa ni baki, kinaandikwa kwanza kile kilichobaki, halafu ndipo mfupa uliokisababisha.

"Mzee, lile faili la nyumbani. Ulitia herufi gani?"

Hakuinua macho kwenye kikombe. "Daktari kaandika: mfupa wa juu wa mkono wa kulia umevunjika, kiganja dhaifu, aende kwa daktari wa mikono. Hakuandika umepona. Hakuandika ulivunjika lini. Mimi si mganga wa ramli. Nimetia ya sasa."

"Lakini mfupa ni wa mwaka jana."

"Wewe unajua kwa sababu unakula naye. Faili halijui."

Ana haki, na hilo ndilo linalonichoma. Akikosea mwandishi wa msimbo, mashine ya bima huona mwanamke mmoja kavunja mkono uleule mara mbili, na mara ya pili hakumwambia mtu.

Jumamosi, 22 Machi

Wifi amekwenda polisi. Nilimwambia asiende. Amerudi akatusimulia akiwa amesimama katikati ya sebule, anaigiza sauti zote mbili.

"Nikamwambia, afande, nimekuja kuhusu ajali. Akachukua kalamu. Ajali ilitokea lini? Nikasema, haikutokea. Akaiweka kalamu chini. Mama, umekuja kuripoti kwamba hukupata ajali? Nikasema ndiyo, na naomba uniandikie na mhuri. Wakamwita mwenzao wa chumba cha pili aje anisikilize. Akasema, tukianza kuwaandikia wote ambao hawajapata ajali, karatasi itatosha?"

Mume wangu alicheka mpaka akashika ukuta. Wifi naye alicheka. Kisha akakaa, akauchukua mkono wake wa kulia kwa wa kushoto, akauweka mapajani kama anavyowekwa mtoto aliyelala.

Jumanne, 25 Machi

Nimerudi mapema, umeme ulikatika masjala. Mlango wa chumba cha wifi ulikuwa wazi kidogo. Alikuwa ameketi sakafuni, mgongo wake kwangu. Kwenye mguu wa kiti alikuwa amefunga nyuzi ndefu nyeusi, na kwenye mkono wake wa kulia amefunga mwiko wangu wa ugali kwa kitambaa, kuanzia kwenye mkono mpaka chini ya kiganja, ili kiganja kisianguke. Alikuwa anajaribu kusuka. Vidole vilifunga uzi vizuri, lakini kufunguka ili vishike mwingine havikufunguka. Alivifungua kwa meno.

Nilirudi nyuma mpaka mlango wa nje, nikaingia tena kwa kelele, nikapiga hodi kwenye nyumba yangu mwenyewe. Aliponijibu sauti yake ilikuwa ya kawaida. Mwiko niliukuta mahali pake, umeoshwa.

Nimeosha sahani zote jioni hii bila kuhesabu ni za nani.

Jumanne, 1 Aprili

Nimemwomba tena Mzee Nukta alirudishe faili, amuulize daktari. Tunaruhusiwa kuuliza. Ni sehemu ya kazi.

"Mwezi huu wakaguzi wanakuja," akasema. "Kila msimbo unaobadilishwa unahesabiwa kwa aliyeuandika. Nastaafu mwisho wa mwaka, binti, na sijawahi kubadilishiwa hata mmoja. Wasubiri wapite."

"Orodha itakuwa imefungwa."

"Kuna mwaka kesho."

Nilimtazama nikaona mtu mwoga aliyejificha nyuma ya nukta. Nimeenda chooni nikafungulia bomba nisisikike.

Ijumaa, 4 Aprili

Mvua tangu alfajiri. Mkono wa wifi unamuuma kwenye baridi. Kadi bado imefungwa, kwa hiyo hata dawa ya maumivu hapati.

Jumatano, 9 Aprili

Leo nimefanya jambo. Nimeandika karatasi ya swali kwa daktari wa mifupa, yule tunayemwita Daktari Kandambili kwa sababu mvua ikinyesha huvua viatu akapita wodini na kandambili. Nimeandika: "Tafadhali thibitisha kwamba udhaifu wa kiganja unatokana na mfupa wa mkono uliovunjika mwaka jana na ambao sasa umepona." Nikachora mstari wa sahihi. Nikaiweka kwenye kisanduku chake.

Faili sikulifungua. Nimejiambia hivyo mara nyingi tangu mchana: faili sikulifungua.

Ijumaa, 11 Aprili

Aliniita. Nilipanda ngazi. Alikuwa anakausha miguu kwa taulo, karatasi yangu iko mezani mbele yake.

"Dada, hili ni swali au ni hati ya kusaini?"

"Ni swali, daktari."

"Swali lina alama ya kuuliza. Hii haina. Hii imenijibia, kisha imenionyesha mahali pa kuweka jina." Hakupaza sauti. Afadhali angepaza. "Unajua kiganja kinaweza kulegea kwa mambo mangapi? Shingo. Sukari. Kiharusi kidogo. Mtu akilala vibaya juu ya mkono wake. Yule mama nilimwona siku foleni imefika getini. Niliona kiganja kimelegea, nikamwandikia aende kwa anayejua mikono kuliko mimi. Chanzo sikukipima, na nisichokipima sikisemi."

"Lakini kilianza siku ileile alipovunjika."

"Nani kasema?"

"Yeye mwenyewe."

"Amekwambia wapi?"

Hapo ndipo nilipoona shimo, na mguu wangu ulikuwa umeshaingia. Nikasema, "Nyumbani. Ni wifi yangu."

Mvua ilipiga bati la kibaraza. Akaikunja karatasi mara mbili.

"Sina ugomvi na wewe," akasema. "Huenda hata ni kweli. Lakini mwaka juzi mwenzangu alisaini karatasi kama hii, bima ikasema tunawatungia watu magonjwa. Alihojiwa miezi. Nitaipeleka kwa mkuu wako. Nisipoipeleka, ikionekana siku moja, sote wawili tumekwisha."

Kila mtu wa kazi yetu anajua hili: daktari huulizwa, hafundishwi jibu. Ndilo somo la wiki ya kwanza. Nimewafundisha wengine mimi mwenyewe, nikasimama mbele yao na chaki. Halafu nimelivunja kwa mwandiko wangu mzuri, nikapigia mstari kwa rula.

Linaloniogopesha zaidi si kazi. Ni kwamba sasa, hata ukweli ukija, utanuka mkono wangu. Msimbo ukirekebishwa, watasema wifi yake yumo masjala. Wifi alikuwa na kosa moja la kurekebishwa. Nimemwongezea la pili.

Sijamwambia. Aliniuliza mbona sili, nikasema jino.

Jumatatu, 14 Aprili

Mkuu wa masjala hakunifokea. Aliniambia nikae, akaniuliza kama nilifungua faili. Nikasema hapana, na kompyuta ikathibitisha. Hilo limeniokoa. Nimeondolewa kwenye misimbo mpaka wakaguzi wapite; nitapanga mafaili rafuni. Barua ya onyo itafuata.

"Na lile ombi la wifi yako," akasema, "kwako limekufa. Usiliguse, usiliulize, usilitazame."

Mzee Nukta alikuwa anasikia. Aliendelea kuchapa.

Jumanne, 15 Aprili

Rafu. Vumbi na unyevu pamoja. Ndoo nne.

Jumatano, 16 Aprili

Nimemwambia wifi yote. Nilisubiri matusi, nikawa nimeshayapanga kichwani na majibu yake. Akaniuliza, "Watakufukuza?" Nikasema sijui. Akasema, "Ungekuwa umefukuzwa kwa ajili ya nywele zako hizo, ningeelewa. Lakini kwa ajili ya mkono wangu?" Kisha akaingia chumbani akafunga mlango.

Alhamisi, 17 Aprili

Lazima niandike taratibu, nisiruke kitu.

Wifi alikuja masjala. Sikumtuma, sikujua. Alikuwa amevaa gauni lake la kutokea, viatu vina tope, akasimama kwenye dirisha la kuulizia. Mimi nilikuwa juu ya ngazi nyuma ya rafu. Akauliza, "Anayeandika misimbo ya mifupa ni nani?"

Mzee Nukta akajitambulisha. Na kwa kuwa ni mtu wa adabu, akatoa mkono dirishani amwamkie.

Wifi angeweza kutoa wa kushoto, kama anavyofanya kila siku kwa kila mtu. Alitoa wa kulia. Aliuinua kuanzia begani, na kiganja kikaja nyuma kinaning'inia, kikaangukia kwenye mkono wa mzee kama kitambaa kilicholowa. Mzee akakishika. Niliona anasubiri kimbane, kama inavyokuwa watu wakisalimiana. Hakikumbana sawasawa. Akakitazama. Akakigeuza, taratibu, akakiachia, kikaanguka. Akakidaka tena haraka kana kwamba kitavunjika.

"Samahani, mama," akasema. "Kinauma?"

"Hapo hapaumi. Hapo hapana kitu kabisa. Mzee wangu, sikuja kugomba. Wifi yangu amefanya kosa kwa ajili yangu na amekiri. Polisi wamenicheka. Nimekuja tu kuuliza, mtu ambaye hakuanguka anafanyaje ili aaminiwe kwamba hakuanguka?"

Mzee Nukta alikuwa bado ameshika kiganja.

"Miaka yote hii nawasoma watu," akasema mwishowe, sijui alikuwa anamwambia nani, "sijawahi kumshika hata mmoja."

"Basi niachie, maana sasa watu wataanza kusema," wifi akajibu, na dirisha zima likacheka, na mzee akaachia, amechanganyikiwa kama kijana.

Alipoondoka, Mzee Nukta aliinuka mezani kwake. Kisha akaja chini ya ngazi yangu.

"Binti, mwenye kovu usidhani kapoa. Wahenga walishaandika msimbo huu, mimi nikautia herufi mbaya." Akashusha sauti. "Faili ni langu, kosa ni langu, na swali litakuwa langu. Wewe umekatazwa kuligusa, kwa hiyo hata usinishukuru. Shuka, ngazi hiyo inayumba."

Nilimdhania mwoga. Ni mwoga kweli. Amefanya akiwa na woga wake.

Jumanne, 22 Aprili

Swali lake nimeliona kwa sababu alilisoma kwa sauti mbele ya mkuu, wote wakisikia: "Mgonjwa ana udhaifu wa kiganja cha kulia. Je, mfupa uko katika hali gani sasa, na chanzo cha udhaifu kinajulikana?" Basi. Maneno hayo tu. Ukilisoma hujui anataka jibu gani. Nimeona haya kwa lile langu.

Daktari Kandambili amemwita wifi leo mchana. Amempima shingo, sukari, nguvu za miguu, akampiga picha mpya ya mfupa. Kipimo cha mishipa ya fahamu ni Ijumaa. Wifi anasema hakumuuliza lolote kunihusu mimi.

Jumatano, 23 Aprili

Wakaguzi wamefika, wawili, wana miavuli inayofanana.

Ijumaa, 25 Aprili

Wifi amechomwa sindano za kipimo mkono mzima. "Wametafuta umeme, hawakuukuta. Ningewaambia, hata kwenu unakatika." Majibu Jumatatu. Orodha inafungwa Jumatano. Mume wangu ameniambia niache kuitazama kalenda, nikaigeuza, halafu nikaenda kuitazama kwa nyuma.

Jumatatu, 28 Aprili

Hofu yangu mpya, ambayo sikuiandika, ilikuwa hii: je, kama si mfupa? Kama ni sukari, au shingo, na mimi nilitaka kumfanya daktari asaini uongo nikiamini ni kweli? Nimeshinda rafuni nikilibeba hilo pamoja na mafaili.

Ni mfupa. Daktari ameandika mwenyewe, kwa maneno yake: mfupa wa juu wa mkono ulivunjika mwaka jana, sasa umeunga kabisa, mshipa wa fahamu unaouzunguka uliumia pale ulipovunjika na haukurudi, kiganja kimelala kwa sababu hiyo. Mzee Nukta ameufuta msimbo wake wa kwanza, akaandika kiganja kilicholala mbele na mfupa nyuma yake, kwa herufi ya baki. Akaandika maelezo: kosa la mwandishi. Akatia jina lake kamili. Mkaguzi mmoja alikuwa amesimama nyuma yake, akaandika kitu. Kama ni kibaya au kizuri, hatujui.

Jumatano, 30 Aprili

Saa za kazi zimekwisha. Bima haijajibu; simu ya wifi inaonyesha neno moja tu: inasubiri. Orodha imefungwa. Muuguzi wa kliniki ameliweka jina la wifi chini kabisa, sehemu ya akiba: wanaoitwa ikiwa mwingine ameshindwa kuja. Na bila kibali cha bima hata akiba haitoshi.

Nilirudi nimelowa, mwavuli nilikuwa nao mkononi, sikuufungua.

Ijumaa, 2 Mei

Inasubiri.

Jumamosi, 3 Mei

Inasubiri. Mwiko umehamia chumbani kwa wifi moja kwa moja. Nimenunua mwingine wa jikoni.

Jumatatu, 5 Mei

Inasubiri. Wakaguzi wameondoka. Nimerudishwa kwenye misimbo na barua yangu ya onyo. Mzee Nukta amepata alama yake moja ya kosa. Nilimuuliza kama inamuuma. "Kama jino lililong'olewa," akasema. "Ulimi hauachi kupagusa."

Alhamisi, 8 Mei

Bima imekubali. Ujumbe uleule mfupi, bila samahani. Kadi imefunguka. Wifi ameusoma, akaniambia niusome, akamwambia mume wangu ausome. Halafu akasema tusifurahi, kwa sababu akiba ni akiba.

Jumatatu, 12 Mei

Daktari wa mikono amewasili. Mvua kubwa, barabara ya chini imekatika. Nimejikuta naomba watu wasifike hospitali. Nikaacha katikati ya sala. Kila aliye juu ya wifi kwenye orodha ile ana mkono wake nyumbani.

Alhamisi, 15 Mei

Simu ililia tukiwa mezani. Mgonjwa mmoja amekutwa na homa ya kifua, amerudishwa. Wifi kesho saa mbili asubuhi, asile kitu. Aliiacha sahani imejaa, akainuka. Nikamwita arudi, bado ni mapema, anaruhusiwa kula mpaka usiku wa manane. Hakunisikia. Anapanga nguo kwa mkono mmoja, anapanga na kupangua.

Ijumaa, 16 Mei

Daktari wa mikono ni mwanamke mfupi, anaongea huku anachora. Alituchorea kwenye bahasha. Msuli wa kuinua kiganja umelala na hautaamka, hata mshipa ungerudi leo. Kwa hiyo atachukua kano ya msuli mwingine, ule unaogeuza mkono ili kiganja kitazame chini, ambao ni mzima, aishonee kwenye kazi ya kuinua. Vidole navyo vitapewa kano nyingine.

"Na ile kazi yake ya kwanza nani ataifanya?" wifi akauliza.

"Yuko mwenzake. Atafanya ya wawili."

"Kama wifi yangu," akasema, na akanitazama.

Aliingia asubuhi, akatoka mchana. Nilisubiri kwenye benchi la korido, mume wangu akisimama na kukaa, akisimama na kukaa. Alipotolewa alikuwa na plasta kuanzia chini ya bega. Neno lake la kwanza alipozinduka: "Nywele zangu ziko vipi?"

Jumamosi, 24 Mei

Plasta inawasha. Anajikuna na sindano ya kufumia, nimeificha.

Jumapili, 1 Juni

Mvua zimepungua. Ameanza tena kunisema jinsi ninavyokata vitunguu. Namshukuru Mungu.

Ijumaa, 13 Juni

Plasta imetolewa. Mkono umekuwa mwembamba, una magamba, kovu ni jekundu. Mtaalamu wa viungo akamwambia, "Inua kiganja." Tukakitazama sote. Kilikaa kama kilivyokaa mwaka mzima.

Wifi hakulia. Alisema tu, "Haya."

Mtaalamu akasema hakutarajia kitu, alitaka aone mwenyewe kwamba njia ya zamani haipo. "Sasa usifikirie kuinua. Ukifikiria kuinua unamwita aliyekufa. Fikiria umeshika kikombe cha maji, unakimimina chini. Mimina tu. Yule msuli anajua kumimina. Hajui kwamba tumemhamisha."

Alimimina maji yasiyokuwepo mpaka jasho likamtoka. Hakuna kitu. Labda kidogo. Mimi sikuona.

Jumanne, 17 Juni

Anamimina mezani, anamimina kitandani, anamimina akisimulia habari. Hakuna kitu.

Mzee Nukta ameniuliza habari za "yule mama". Nikasema bado. Akaniuliza tena baada ya chai.

Faili la upasuaji limeshuka masjala. Lilikuja kwangu. Nikalisukuma.

Ijumaa, 20 Juni

Leo jioni nilikuwa nasafisha mchele, wifi ameketi mbele yangu, mkono wake juu ya meza, macho yake yako dirishani. Nilikuwa namweleza jambo la kazini, simalizi. Nikaona kiganja kinapanda.

Kilipanda taratibu, kinatetemeka, vidole vikakifuata vikiwa vimekunjuka nusu. Kikasimama. Kikakaa pale hewani bila mwiko, bila mkono wa pili chini yake, kinamtazama mtu usoni. Sinia lilinitoka mikononi, mchele ukatapakaa sakafu nzima.

"Wifi! Umeinua!"

"Shh!" Hakugeuza kichwa. Midomo tu ndiyo iliyosogea. "Sijainua. Namimina maji. Huu mkono unaamini namimina maji."

"Lakini umeinuka!"

"Nyamaza wewe, usiseme kwa nguvu," akaninong'oneza, machozi yamemfika kidevuni na kiganja bado kiko juu. "Utakusikia."

Nikapiga magoti, nikaanza kuokota mchele punje kwa punje, kimya, nisiushtue.